Majitu ya Chuma Yanayonuka Siki

Ukifungua kopo la filamu ya miaka ya 70 ambalo halikutunzwa, harufu ndiyo inayokupokea kabla hujaona picha yoyote. Ni siki, tena kali ya kukwaruza pua, kama mtu kamimina chupa nzima kwenye bakuli la kachumbari. Mkanda wenyewe ni plastiki ya asetati, na asetati ikipata joto na unyevu huanza kujila: inatoa asidi, asidi inaharakisha uozo, uozo unatoa asidi zaidi. Kopo moja likianza, majirani zake rafuni nao hufuata. Mwisho mkanda husinyaa, hujikunja kama ganda la ndizi lililosahauliwa juani, na tabaka lililobeba picha hubanduka.

Na picha yenyewe huenda ni ya jitu la chuma lenye urefu wa mita 18, lisilopenyeka kwa kombora, linalofyatua ngumi yake kama roketi.

Nimeanza na harufu hiyo kwa sababu mazungumzo kuhusu kuhifadhi anime (katuni za Kijapani) za zamani za maroboti makubwa huanzia pasipo pake. Mtu akiuliza kama Mazinger Z imehifadhiwa, mwenzake humtumia linki. Linki inafunguka, roboti linaonekana, basi, jambo limekwisha. Lakini kitu kupatikana na kitu kuhifadhiwa ni mambo mawili, na mara nyingi yamekaa kwa watu wawili wasiosalimiana. Mwenye haki ana mkanda asioutoa kabatini. Anayewapa watu hana haki wala hana mkanda. Ana nakala ya nakala aliyoipata kwa mtu aliyeipata kwa mtu.

Jitu la kwanza kuvuma lilikuwa Tetsujin 28, lililozaliwa kwenye manga, yaani kitabu cha vibonzo, ya Mitsuteru Yokoyama mwaka 1956 na kuingia kwenye televisheni ya Japani Oktoba 1963, picha nyeusi na nyeupe. Mtoto wa kiume aliliongoza kwa rimoti. Desemba 1972 Go Nagai na studio ya Toei wakaleta Mazinger Z, na safari hii dereva akaingia ndani ya kichwa cha roboti akaliendesha kama mtu aendeshavyo lori. Badiliko hilo lilifungulia mafuriko: Getter Robo 1974, Grendizer 1975, Combattler V 1976, Voltes V 1977, na Aprili 1979 Gundam, ambayo ililishusha roboti kutoka ushujaa na kulifanya silaha ya jeshi, kama kifaru tu.

Aliyelipia karamu hii ni muuza midoli. Roboti likibadilika rangi katikati ya hadithi au likipata mabawa mapya, mara nyingi ujue dukani kuna kitu kipya cha kuuzwa. Gundam ilipangiwa sehemu 52, ikakatwa hadi 43 kwa kuwa watazamaji walikuwa wachache na midoli ya mdhamini wake, kampuni ya Clover, haikutoka ilivyotarajiwa. Bandai walipoanza kuuza modeli za kuunganisha mwaka 1980 upepo uligeuka, ila si kwa Clover, waliofilisika mwaka 1983. Kwa akili ya siku zile, kuhifadhi mfululizo wa namna hii kulikuwa sawa na kuhifadhi mabango ya sabuni.

Ndiyo maana michoro mingi haipo. Kila mwendo wa roboti ulichorwa kwanza kwa penseli, ukahamishiwa kwenye shiti ya plastiki ang'avu ambayo Wajapani huiita seru, ukapakwa rangi kwa nyuma, ukawekwa juu ya mandhari iliyochorwa kwenye karatasi, halafu kamera ikapiga fremu moja. Kisha shiti nyingine. Sehemu moja ya anime hula maelfu ya seru, na zikishapigwa picha hazina kazi tena. Zinajaza chumba tu. Nyingi zilikwenda jalalani, nyingine wakapewa watoto waliotembelea studio. Leo seru moja ya Gundam ina bei, lakini wakati ule ilikuwa taka.

Hapa ndipo watu wa kizazi cha kompyuta tunapojikwaa. Tunadhani mahali fulani kuna faili mama. Halipo. Mahali pekee ambapo seru, mandhari na mwendo wa kamera viliwahi kuungana vikawa picha moja ni kwenye mkanda uliokuwa ndani ya kamera, na kwa anime za televisheni za miaka hiyo mkanda huo kwa kawaida ulikuwa wa milimita 16, mwembamba kuliko kidole gumba. Hiyo ndiyo negativu. Kutoka kwake zilichapwa nakala za kurushia matangazo, kutoka nakala zikarekodiwa kanda za video, kutoka kanda zikatoka kaseti za nyumbani. Kila ngazi unayoshuka, kitu kinamwagika, na rangi ni ya kwanza kutoka: nakala nyingi za filamu za enzi ile zimefifia zikabaki na wekundu mtupu, mbingu ikawa rangi ya fizi.

Tufanye hesabu ya dukani. Sehemu moja ina kama dakika 24. Filamu hupita fremu 24 kwa sekunde, kwa hiyo ni fremu 34,560. Ukiskani kila fremu kwa kiwango cha 2K (upana wa nukta kama 2,000) bila kuibana, fremu moja inakula karibu megabaiti 12.7. Zidisha, unapata gigabaiti 440 kwa sehemu moja. Mazinger Z ina sehemu 92. Mfululizo mzima unadai terabaiti 40 na ushei. Nakala unayoitazama kwenye simu ina megabaiti 300. Kwa kila baiti 1,500, umeachiwa moja.

Huwezi kumlaumu aliyeibana. Bila kubana, nani angepakua? Ila ukweli ni kwamba faili la megabaiti 300 ni kumbukumbu ya picha, kama fotokopi ya hati ya kiwanja: inakusaidia kujua kilichoandikwa, haikupi hati. Na terabaiti 40 hazikai kwenye diski za mezani. Hifadhi kubwa huzipeleka kwenye kaseti za data za LTO, ambazo kizazi chake cha tisa hubeba terabaiti 18 kwa kaseti moja. Ndiyo, baada ya kukimbia kanda miaka yote hii, tumerudi kwenye kanda. Kaseti tatu kwa Mazinger Z, mara mbili au tatu, kwa sababu kanuni ya fani hii ni nakala tatu, kwenye vyombo vya aina mbili, na moja ikae mji mwingine.

Kisha kuna heshi. Ni mfuatano wa herufi na tarakimu unaokokotolewa kutoka kwenye faili lenyewe, na baiti moja ikigeuka, mfuatano wote hugeuka. Internet Archive, maktaba ya mtandaoni ya San Francisco, kwa mfano, huandika heshi ya kila faili linalopakiwa kwake. Jambo hili nilijifunza kwa machozi. Nilikuwa na diski ya nje yenye mifululizo kadhaa, majina yote yapo, ukubwa uleule, moyo umetulia. Siku nimeketi kutazama, roboti likafika katikati ya pigano likaganda, skrini ikajaa miraba ya kijani. Faili la pili hivyohivyo. Nilikuwa sijawahi kukokotoa heshi hata moja, kwa hiyo sikujua uozo ulianza lini, na nakala niliyoihamishia kwenye diski nyingine ilibeba ugonjwa uleule.

Pale ambapo negativu imepotea au imefungiwa, wapenzi wa anime wamekwenda kuitafuta picha mahali pengine, na hapa kuna kazi ya mikono ambayo naiona nzuri kuliko zote. LaserDisc ilikuwa sahani ya sentimita 30, kubwa kama santuri, inayong'aa kama CD ya jitu. Japani iliipenda sana, na kwa mifululizo mingi ndiyo lilikuwa toleo safi kuliko yote ya nyumbani hadi DVD ilipoingia. Kwa kuwa inasomwa kwa leza, watu hudhani ni dijitali. Picha yake ni analogi; vishimo vilivyo juu ya sahani vinatofautiana urefu, na urefu huo ndio wimbi la picha.

Ukiunganisha mashine ya LaserDisc kwenye kompyuta kwa waya wa kawaida, unarekodi picha iliyokwishapikwa na saketi za miaka ya 80, pamoja na makosa ya saketi hizo. Kwa hiyo wataalamu wa kujitolea walitengeneza njia ya kuingia jikoni. Wanafungua mashine, wanatafuta nukta ambapo ishara inatoka kwenye leza kabla haijaguswa na kitu chochote, wanaunga waya hapo, na kifaa kiitwacho Domesday Duplicator kinapima ishara hiyo mara milioni 40 kwa sekunde. Saa moja ya sahani inatoa takriban gigabaiti 180 za mawimbi ambayo hayana sura wala sauti. Kisha programu ya ld-decode inaifanya kompyuta kuwa ndiyo mashine ya kuchezea: inageuza mawimbi kuwa picha, taratibu, bila haraka ya televisheni. Uzuri wake unaonekana ukiwa na sahani tatu za sehemu ileile. Mkwaruzo wa sahani ya kwanza hauko mahali ulipo wa pili. Programu inalinganisha mstari kwa mstari na kuchukua uliopona. Na kesho programu ikiboreshwa, huhitaji sahani tena. Unayapitisha mawimbi yaleyale upya.

Ila saa inakimbia. Pioneer walitangaza mwaka 2009 kwamba wanaacha kutengeneza mashine za LaserDisc. Funai, watengenezaji wa mwisho wa deki za VHS, waliacha Julai 2016. Mwaka 2019 UNESCO na chama cha kimataifa cha hifadhi za sauti na picha walitoa onyo kuhusu kanda za sumaku, wakitaja mwaka 2025 kuwa ndio ukingo: kanda zinaweza kuwa nzima, ila vifaa vya kuzisomea, vipuri na mafundi wanaovijua ndivyo vinavyokwisha. Wengine tunaosoma haya tumeshauza deki zetu kwa wanunua vyuma chakavu.

Hata negativu ikipatikana, haina maana imeokoka. Kuna kusafisha kunakoua. Programu za kupunguza uchafu hutafuta kitu kidogo kinachotokea kwenye fremu moja na kutoweka kwenye inayofuata, zikidhani ni vumbi. Kwenye filamu ya waigizaji hukumu hiyo mara nyingi ni sahihi. Kwenye katuni, kitu kidogo kinachotokea na kutoweka kinaweza kuwa mstari wa penseli: kope za rubani, cheche ya upanga. Ukikaza programu, kope zinafutika na upanga unakatika katikati. Wengine hukata juu na chini ya picha iliyochorwa kwa televisheni ya mraba ili ijae kwenye skrini pana, na roboti likabaki bila kichwa. Siku hizi akili unde inaombwa kunoa picha, nayo inachora upya inachokidhania. Mimi nitachukua vumbi na chembechembe zake kuliko sura iliyopigwa pasi.

Sehemu ya 15

Kisa kimoja kinaonyesha fundo lote kwa udogo. Sehemu ya 15 ya Gundam inaitwa Kisiwa cha Cucuruz Doan. Ni hadithi ya askari aliyeitoroka vita akaishi kisiwani na watoto yatima. Hadithi nzuri, michoro mibaya: kuna fremu ambazo maroboti yana uso mrefu kama wa farasi mwenye njaa, na mashabiki wamezicheka kwa miongo minne. Mfululizo ulipotolewa kwa Kiingereza huko Marekani, sehemu hiyo iliachwa nje kwa matakwa ya mwongozaji mwenyewe, Yoshiyuki Tomino. Aliyenunua seti kamili alipata sehemu 42. Japani ilibaki ipo. Kisha mwaka 2022 Yoshikazu Yasuhiko, aliyebuni wahusika wa Gundam ya kwanza, akaigeuza hadithi hiyohiyo kuwa filamu nzima ya sinema, na ghafla kila mtu akataka kuona ile ya zamani.

Mwandishi ana haki ya kuona haya. Hifadhi haina. Kama wajibu wote ungeachwa kwa mwenye mali, kipimo cha kubaki kingekuwa ni kile anachojivunia au kinachouzika, na zile fremu mbovu ndizo zinazotueleza vipindi vilitengenezwa kwa haraka kiasi gani na kwa fedha kidogo kiasi gani. Lakini ukishasema hivyo, unagongana na sheria.

Hakimiliki ya filamu Japani hudumu miaka 70 tangu kuonyeshwa. Sehemu ya kwanza ya Mazinger Z ilirushwa 1972, kwa hiyo nchini mwake italindwa hadi mwisho wa 2042. Seva za Internet Archive ziko Marekani, na huko kazi ya mwaka huo inalindwa miaka 95, yaani hadi mwisho wa 2067. Na hiyo ni filamu tu. Manga iliyozaa hadithi ina ulinzi wake, maisha ya mwandishi na miaka 70 juu yake. Yokoyama alifariki 2004, kwa hiyo Tetsujin wa kwenye karatasi ana ulinzi hadi 2074. Muziki una wenyewe.

Wenye mali nao si lazima wawe uliodhani. Voltes V ilichorwa na watu wa studio ya Sunrise, ila mali ni ya kampuni ya filamu ya Toei, ambayo si studio ya katuni ya Toei. Anime ya Macross ya 1982 ndiyo mama wa mafundo: mahakama za Tokyo ziliamua mwanzoni mwa miaka ya 2000 kwamba michoro ya wahusika na mitambo ni ya kampuni za Studio Nue na Bigwest, huku haki za filamu yenyewe zikiwa za studio ya Tatsunoko. Tatsunoko walikwisha kuwapa leseni ya nje ya Japani Harmony Gold wa Marekani, ambao mwaka 1985 waliiunganisha na anime nyingine mbili zisizohusiana nayo na kupata Robotech, sehemu 85. Ugomvi huo uliwanyima watazamaji wa nje matoleo rasmi ya mifululizo mingi iliyofuata ya Macross hadi pande hizo zilipopatana Aprili 2021. Sasa wewe uliye na kaseti ya Macross na nia njema, ungemwomba nani ruhusa?

Njia ya kutokea, na naona haisemwi vya kutosha, ni kutenganisha kutunza na kuonyesha. Maktaba zina kitu ambacho wao hukiita hifadhi ya giza: faili limeskaniwa, lina heshi, lina nakala katika miji miwili, lina maelezo kamili, lakini mlango umefungwa. Anaingia mtafiti kwa kibali, au haingii mtu hadi 2043. Mashabiki hawaipendi, na nawaelewa, kwa sababu kitu kisichoonekana hakina wa kukililia siku bajeti ikikatwa. Ila kopo linalonuka siki halina muda wa kusubiri wanasheria.

Ufaransa ina mlinzi wa namna hiyo: tangu sheria ya 1992, taasisi ya INA hupokea nakala za vipindi vya redio na televisheni kwa mujibu wa sheria. Japani ilikwenda njia tofauti. Sheria ya Maktaba ya Bunge inataja filamu miongoni mwa vinavyopaswa kuwasilishwa, lakini kifungu cha nyongeza kimezisamehe kwa muda, na muda huo umeendelea tangu 1949. Mwaka 2009 serikali ilipanga kujenga kituo cha taifa cha manga, anime na michezo ya video kwa yeni bilioni 11.7, wapinzani wakakibeza kuwa ni kijiwe cha manga cha serikali, uchaguzi ukaja, mradi ukafa. Kilichozaliwa baadaye ni kanzidata ya wakala wa utamaduni, wazi mtandaoni tangu 2015, inayoorodhesha kazi bila kuonyesha kazi zenyewe. Wengine huidharau. Lakini faili lisilo na jina la mwongozaji, tarehe ya kurushwa wala namba ya sehemu ni mtoto aliyeokotwa stendi: yuko hai, hujui umpeleke kwa nani.

Kilichobaki kimefanywa na watengenezaji wenyewe. Mwaka 2017 chama kisicho cha faida cha ATAC, cha kuhifadhi vifaa vya anime na filamu za majitu, kilianzishwa, mwenyekiti akiwa Hideaki Anno, mwongozaji wa anime ya Evangelion, na Novemba 2020 mji wa Sukagawa, mkoani Fukushima, alikozaliwa Eiji Tsuburaya, baba wa majitu ya sinema, ukafungua ghala kwa kushirikiana nacho. Humo kumejaa hasa vifaa vya filamu za majitu: majengo madogo, ndege, mavazi ya mazimwi, vyote vikisafishwa vumbi kwa brashi.

Sauti zisizo na mwenyewe

Ukimtajia Grendizer Mwomani aliyekulia Maskati miaka ya 80, hata yule aliyekuwa akiongea Kiswahili na bibi yake mzaliwa wa Unguja, hatakuambia habari za Tokyo. Atakuimbia. Ataimba Kiarabu, kwa sauti ya Sammy Clark, Mlebanoni, kwa sababu Grendizer ya Waarabu iliingizwa sauti Beirut, nchi ikiwa vitani, na shujaa wake akasema kwa koo la Jihad al-Atrash. Ufaransa waliipata Julai 1978 kwa jina la Goldorak, Italia miezi michache kabla yao. Ufilipino walikuwa na Voltes V, na rais Marcos alipoipiga marufuku mwaka 1979, vikiwa vimebaki vipindi vichache tu kufika mwisho, alizalisha kizazi cha watoto ambao hadi leo wanakumbuka mahali walipokuwa wamekaa siku ile.

Kwa watu hawa, negativu iliyo Tokyo si kazi waliyoipenda. Kazi yao iko kwenye sauti, na sauti hizo mara nyingi ziko nje ya kabati la mwenye haki. Zilirekodiwa na kampuni ndogo za nchi nyingine, zikatunzwa au zikafutwa kulingana na bei ya kanda. Sisi tunalijua jambo hili kwa ukaribu. Filamu ngapi tuliziona kwa sauti ya Lufufu huku Tanzania, au ya DJ Afro kule Kenya, na nani ana mkanda wa kwanza wa masimulizi hayo? Filamu yenyewe ya Hong Kong utaipata popote.

Hata sauti ikipatikana, haikubali tu kukaa juu ya picha mpya. Televisheni za Ufaransa na sehemu kubwa ya Ghuba zilirusha fremu 25 kwa sekunde, wakati filamu ilipigwa kwa 24. Njia rahisi ilikuwa kuiendesha filamu haraka kidogo. Sehemu ya dakika 24 ikawa ya dakika 23 na sekunde 2, na sauti ya shujaa ikapanda karibu nusu noti. Ukiiweka sauti hiyo juu ya picha iliyotoka Japani, baada ya dakika kumi mdomo na neno vimepishana sekunde zaidi ya ishirini. Lazima uivute. Lakini ukiivuta inashuka kuwa nzito, na mtu aliyeikariri utotoni atakuambia umemleta mtu mwingine. Yupi ndiye wa kweli, aliyesimama mbele ya maikrofoni Beirut, au aliyetoka kwenye televisheni sebuleni? Hifadhi makini hutunza sauti kama ilivyonaswa, na ile iliyonyooshwa huiweka pembeni ikiwa na maelezo yake.

Wamarekani walikuwa na bahati ya kiufundi: mfumo wao wa televisheni, NTSC, ndio uleule wa Japani, kwa hiyo kaseti ya Tokyo iliweza kuchezeka Los Angeles. Miaka ya 70 mashabiki wa huko walikuwa wakirekodi maroboti kutoka vituo vilivyorusha vipindi kwa jamii ya Wajapani, na mwaka 1977 wakaunda klabu ya kutazamia. Mmoja wa waasisi, Fred Patten, alikusanya makaratasi na vijarida maisha yake yote. Vitu vyake leo viko maktaba ya Chuo Kikuu cha California, Riverside. Kule vina mwangalizi na namba ya rafu.

Mtandaoni hakuna mwenye uhakika huo. Kupakia kwenye tovuti ya Marekani ni kama kupanga chumba bila mkataba: sheria yao ya 1998 humpa mwenye tovuti kinga ilimradi aondoe kitu pindi mwenye haki akilalamika, kwa hiyo unalala leo, kesho mlango umebadilishwa kitasa. Oktoba 2024 wadukuzi waliivamia Internet Archive yenyewe, taarifa za akaunti milioni 31 zikavuja na huduma ikazimwa kwa siku kadhaa. Na walionunua kihalali hawakupona: Funimation, huduma ya kutazamia anime mtandaoni, ilipofungwa Aprili 2024 na watumiaji kuhamishiwa huduma nyingine, Crunchyroll, nakala za kidijitali ambazo watu walizipata kwa kununua diski, wakiahidiwa kuwa nazo milele, hazikuhama nao. Diski ile ya plastiki iliyokuwa kwenye boksi ndiyo iliyobaki.

Basi kama kwenu, Maskati au Dubai au kwenye sanduku lililorudi na shangazi, kuna kaseti ya VHS iliyoandikwa Grendizer kwa kalamu ya bluu, usikimbilie kuitumbukiza kwenye deki. Itazame kwanza dirishani: ukungu mweupe pembeni mwa utepe ukiuchezesha utaikata kanda na kuchafua vichwa vya deki. Iache ikae siku mbili chumbani ilingane na hewa. Tafuta deki iliyosafishwa, ijaribu kwa kaseti usiyoijali, halafu cheza mara moja tu huku ukirekodi, kwa ubora wa juu kabisa ambao kompyuta yako inauweza. Piga picha ubavu wa kaseti na boksi lake. Andika nani aliirekodi, wapi, kituo kipi, hata kama ni kwa kukumbuka. Kokotoa heshi kabla hujafanya jambo lingine lolote. Na matangazo ya biashara yaliyo katikati, yale ya maziwa ya unga na saa za mkononi, yasikuchoshe ukayakata. Yanaweza kuwa ndiyo alama pekee itakayomwonyesha mtu mwaka na mji.